Mama Kaswera ku Banc ya Graduat

Bunia, Saio, tarehe 4 mwezi wa kumi 1979

Mutoto yangu Adeline,

Ku bahasha niliandika Citoyenne Kavira, sababu ya ile sheria yenye kukataza majina ya ubatizo, lakini ndani ya bahasha serikali haiingie, na mimi njo nilikupeleka ku ubatizo.

Nakusalimia weye, nasalimia bwana yako mu adabu yote, nasalimia mutoto Félicien. Siye huku tuko wazima. Mvua ilianza vizuri. Shangazi yako alikuja kutoka Butembo na mifuko mbili ya viazi, akakaa wiki tatu, akalaumu chumvi yangu kila siku, akaenda. Mungu asifiwe kwa yote, hata kwa kuenda kwake.

Sasa jambo lenyewe. Unakumbuka namna shule yetu ilianza. Mwaka ya 1971 tulikuwa na mbabula tatu, jiko za makala, mu hangar ya kahawa ya ule Mugiriki, basichana kumi na mbili, na mimi. Hakuna directeur, hakuna kengele. Musichana akiunguza sombe, mboga ya majani ya muhogo, nilimupa sombe yake akule yote, na hakuunguza tena. Leo banaita ile pédagogie. Mwaka ya 1974 bakaleta certificat. Mwaka ya 1976 bakaleta brevet, bakapaka kuta chokaa. Kila mara banaleta karatasi mupya, banapunguza makala. Na sasa, Adeline, shika kiti: tuko Institut Supérieur. Tunatoa graduat, diplôme ya miaka tatu! Directeur Paluku alisoma barua ya Ministère mbele yetu na sauti ya kanisa.

Lakini mu ile barua kuna mustari moja. Mutu yote mwenye kuongoza jikoni ya graduat, lazima yeye mwenyewe akuwe na graduat. Mimi niko na nini? Niko na cheti ya ubatizo na kovu mbili ya mafuta. Directeur aliniita mu biro akasema bataniondoa jikoni, nitaenda mu depot kuhesabia banafunzi vitunguu. Ufunguo ya jikoni, ile nabeba mu shingo tangu miaka nane, itaenda kwa Citoyen Kamate, professeur mupya kutoka Kinshasa. Ule mutu hajui kuwasha mbabula. Anaweka karatasi juu ya makala, anawasha karatasi, anasimama anangojea.

Nililia? Sikulia. Nilimuambia Directeur: kama ni graduat, muniandike. Akacheka. Nikabaki nimesimama mpaka akaacha kucheka. Balihesabu miaka yangu nane ya moto sawa vile miaka mbili ya banc, kiti ya mwanafunzi, njo niko mu mwaka ya tatu, ya mwisho. Siku tatu za kwanza ya wiki nafundisha, basichana bananiita Mwalimu. Kutoka siku ya ine banakaa karibu yangu bananiita camarade. Niko na miaka makumi tano na tatu, Adeline.

Sikiliza vizuri: bwana yako asijue. Mukwe hawezi kusikia kama mama ya bibi yake iko ku banc, ananyanyua kidole kuomba ruhusa ya choo. Unajua heshima iko kati yetu naye. Miaka saba tangu alikuowa, mimi naye hatujakula mbele ya mwenzake hata tonge moja. Akifika Bunia yeye anabaki salon, mimi nabaki jikoni, tunasalimiana kupitia mulango. Hata meno yake sijaona. Ukimuambia, mimi si mama yako tena. Apa.

Mama yako anayekupenda na mwenye devoirs ya shule ya kesho,
Kaswera

Kisangani, tarehe 18 mwezi wa kumi na moja 1979

Mama yangu mupenzi,

Barua yako ilitembea wiki sita, ilifika na alama ya kiatu juu yake. Siye hapa tuko wazima. Félicien anakua, amejifunza Lingala na watoto wa jirani, na nafikiri ananitukana lakini sina uhakika. Joto ni kali, samaki ni wengi, na bahati mbaya yangu ni kwamba jirani mupya anapika kila siku na mulango wazi, na sijaona mutu anaua wali namna ile.

Mama, nilisoma barua yako nikacheka mpaka nikakaa chini. Halafu nikalia kidogo, sababu ile jikoni ni weye. Nimeapa. Baba Félicien hatajua kitu, hata akinifinya.

Na mimi nina habari, lakini nusu tu. Bwana yangu Mbuyi amepanda cheo mu biro ya masomo ya région. Anavaa abacost, koti la serikali, hata siku ya posho, Jumamosi. Kazi yenyewe ni ya siri, ameniapisha nisimwambie mutu, sababu watu wakijua wataanza kutuletea kuku hapa nyumbani. Basi nyumba moja, viapo viwili, na vyote viko mu kinywa changu. Usiniulize zaidi.

Soma vizuri, Mama. Usigombane na professeur.

Mutoto wako,
Adeline (Kavira kwa posta)

Bunia, Saio, tarehe 27 mwezi wa kwanza 1980

Adeline mutoto yangu,

Heri ya mwaka mupya kwenu bote. Tulipitisha Noeli vizuri, ngombe ya paroisse ilikuwa nyembamba lakini batu bote balionja. Paa ya choo ilianguka, hakuna mutu alikuwa ndani, aksanti Bikira Maria.

Uniambie kwanza: ni kazi gani ile ya kuletewa kuku? Bwana yako alikuwa docteur ya mifugo? Kama ni mambo ya kuku, aniulize mimi.

Sasa masomo. Tuko na masomo kumi na ine, na ya kupika ni moja. Kuna Historia ya Sauce. Kuna Kifaransa ya Menu. Kuna Psychologie ya Mulaji, ni kusema: mutu akikaa ku meza, anawaza nini? Nilinyanyua kidole nikasema anawaza kula. Basichana balipiga mikono, Citoyen Kamate hakupiga. Makala banatoa siku ya ine tu. Siku zingine tunachora moto ku tableau.

Interrogation ya kwanza iliuliza: "Eleza maana ya sufuria." Aka! Nilitazama ile karatasi saa nzima. Mwisho nikaandika: "Kama mutu hajui sufuria, alikuja hapa kufanya nini?" Kamate alinipa mbili juu ya kumi. Mbambu, musichana mwenye kukaa karibu yangu, alipata tisa; aliandika "récipient", ni kusema chombo, na maneno mingi nyuma yake. Lakini ule Mbambu, juzi fufu yake, ugali ya muhogo, ilikuwa na mabonge sawa vile mawe ya barabara. Nikamuvuta pembeni nikamuonyesha mukono. Sasa tulipatana: mimi nasaidia mikono yake, yeye anasaidia kichwa yangu.

Tena kuna kitabu ya mwisho, ya kuandika mwenyewe, kurasa makumi ine. Mimi nilichagua sombe. Kamate anasema kitabu bila bibliographie si kitabu. "Hii maneno ya kutwanga sombe pamoja na kitunguu, ulisoma wapi?" Nikaandika chini: Mama yangu Masika, ku kinu, Beni, 1938. Akazungushia na bic nyekundu, akaandika: "Ukurasa ngapi?"

Nikuambie ukweli. Ku masomo ya karatasi niko chini. Nikitaka kupona, lazima mutihani ya kupika inipe makumi sita juu ya mia moja, hata moja isipungue. Ni siku moja tu mu mwezi wa saba, sahani moja tu, na président ya jury, bale benye kuonja na kutoa pointi, atatoka Kisangani. Nikipita, ufunguo inabaki mu shingo yangu. Nikianguka, ni vitunguu mpaka kufa. Mimi sitaki kuhesabu vitunguu, Adeline. Ule moto niliwasha mimi.

Salimia mukwe kupitia mulango.
Mama yako, camarade Kaswera

Kisangani, tarehe 22 mwezi wa tano 1980

Mama yangu,

Salamu nyingi. Félicien alipona malaria, sasa anakula hata chaki. Siye tuko wazima, isipokuwa mimi, na utajua sababu.

Umekaa chini? Kaa. Kazi ya Baba Félicien ni hii: anaongoza jury za mitihani mu instituts za région nzima. Njo maana ni siri, njo maana ya kuku. Jana alileta ordre de mission, karatasi ya safari ya kazi, akaiweka mezani karibu na sukari, nikaisoma nikimumiminia chai: Bunia. Art culinaire, ni kusema kupika. Tarehe kumi mwezi wa saba.

Nilimimina chai juu ya kitambaa. Aliniuliza nini, nikasema usingizi.

Nimevunja siri yake kukuambia weye. Siri yako sijavunja, na inanichoma. Nilijaribu kwa ujanja: "Na kama président ana ndugu kati ya wanafunzi?" Akajibu: "Basi anasema mapema, wanamutuma mwingine. Lakini mimi ni mutu wa Kasai. Bunia nina ndugu gani zaidi ya mama yako, na yeye ni mwalimu pale." Akaendelea na mukate wake.

Mama, nimesoma règlement yenyewe, kanuni za mutihani. Président anaonja wa kwanza, mbele ya macho ya mwanafunzi, na mwanafunzi anabaki pale mpaka mwisho. Weye usimame, yeye atafune! Mama yoo! Nafikiri nitakufa mimi niliye mbali. Tafazali, siku ile uwe mugonjwa. Malaria, mugongo, chagua. Mwezi wa tisa kuna session ya pili na président mwingine. Ao unipe ruhusa nimuambie. Nangojea jibu lako, nisipopata nanyamaza kama nilivyoapa.

Avion haijaenda Bunia tangu wiki mbili, wanasema hakuna mafuta ya kurusha ndege. Naweka barua posta leo hii na kuomba Mungu.

Mutoto wako mwenye viapo viwili,
Adeline

Bunia, Saio, tarehe 29 mwezi wa sita 1980

Adeline,

Sijapata barua yako tangu mwezi wa tatu. Uko na mimba ao ulikasirika? Kama ni mimba, kula lenga-lenga, mchicha unaongeza damu. Huku avion haishuke, sabuni imepotea mu soko, lakini siye tuko wazima.

Jury ni tarehe kumi. Tulivuta namba mu kofia ya Directeur, mimi niko namba saba. Nitapika kuku ya mafuta ya ngazi, yale mawese mekundu, sombe na fufu ya muhogo. Jogoo nilichagua mimi mwenyewe, nilimuongelesha, ana akili. Président, hakuna mutu anajua jina yake. Banasema ni mutu kavu, hacheki na mutu, ku muji ingine aliangusha batu tisa juu ya kumi na moja. Basichana banalia mu choo. Mimi siogope. Mutu kavu nitamutilia mafuta.

Uniombee siku ile, na bwana yako asijue kitu.
Mama

Bunia, Saio, tarehe 15 mwezi wa saba 1980

Kavira,

Leo nakuita jina ya serikali, ujue namna nimekasirika.

Barua yako ya mwezi wa tano nilipata jana tu. Ilipanda avion moja na bwana yako! Yeye alikaa mbele, barua ilikaa nyuma mu mufuko ya posta, bote bawili bakashuka Bunia tarehe tisa. Yeye akakuja ku shule kesho yake. Barua ikapumzika siku tano. Na weye, kwa nini haukumuambia? Najua nilikukataza. Mutoto mwenye akili anajua siku ya kukosa kusikia.

Sasa soma. Namba sita alitoka analia, bakaita namba saba. Nilikuwa na tablier nyeupe, kitambaa mupya mu kichwa, sahani mu mikono, moshi ya kuku inapanda vizuri. Nikasema: leo njo leo. Naingia. Meza ilikuwa kule mwisho ya hangar, pale Mugiriki alikuwa anapimia kahawa. Batu tatu: Directeur Paluku, Citoyen Kamate, na katikati mutu ya abacost anaandika. Nikabakiza hatua tano. Akanyanyua kichwa.

Mbuyi! Bwana yako!

Sijui nani alianza. Yeye aliruka, kiti ikaanguka, akageukia ukuta. Mimi nilichutama palepale na sahani juu ya magoti, nikavuta kitambaa mpaka puani. Directeur akapiga kelele: "Maji! Mama anazimia!" Kamate akaandika ku karatasi yake: namna ya kujionyesha mbaya, kutoa mbili.

"Sizimie," nilisema mu kitambaa. "Directeur, umuambie Citoyen Président, mama-mukwe yake anamusalimia."

Directeur akanitazama mimi, akatazama mugongo ya Président. "Citoyen Président, mama-mukwe yako anakusalimia."

"Umuambie nimeitika," bwana yako aliambia ukuta. "Umuulize kama iko na afya. Umuulize tena anafanya nini hapa."

"Mama, anauliza unafanya nini hapa."

"Umuambie niko namba saba."

Bwana yako aliweka paji ya uso ku ukuta. Niliona jasho inashuka mu shingo yake mpaka ku kola ya abacost.

Kamate hana mama-mukwe, hana huruma. Akafungua règlement akasoma: article kumi na ine, Président anaonja wa kwanza, mbele ya mwanafunzi, asipoonja, zéro. Bwana yako akasema yeye hawezi kutafuna mbele ya mama ya bibi yake, hata Ministère ikuje yenyewe na bendera. Nikaomba nitoke nje, akule. Kamate akasema mwanafunzi akitoka, zéro. Nikaomba Directeur aonje pahali yake. Zéro. Kila upande zéro! Nilitazama kuku yangu, nikasikia machozi inakuja. Nilijua ufunguo imeenda.

Njo Mbambu, alikuwa namba nane, anangojea ku mulango na sahani yake, akapaza sauti mbele ya jury yote: "Si atoe mbuzi?"

Mbuzi ya kuondoa haya, Adeline! Ile mukwe analetea mama ya bibi yake siku moja, banakula pamoja, na kutoka pale haya inaisha. Siye tuko nayo, bwana yako akasema na kwao Kasai iko. Lakini alikupeleka Kisangani wiki moja nyuma ya ndoa, mambo haikufanyika, na hakuna mutu aliikumbuka tena.

Bwana yako akasimamisha jury. Akatoka kwa mulango ya nyuma, uso ku ukuta njia yote, na abacost yake na mufuko ya karatasi za serikali, akaenda soko na miguu. Mimi nilibaki nimechutama, sababu kuna article ingine, mwanafunzi asiache sahani yake. Saa moja na nusu! Magoti yangu bado inalia mpaka leo. Mafuta ilianza kuganda juu ya kuku, naiona na macho yangu, na hakuna kitu naweza kufanya.

Akarudi na mbuzi ya madoadoa, kamba mu mukono moja, mufuko ya serikali mu mukono ingine, vumbi mpaka magoti. Mbuzi ikapita karibu ya meza ikakula ukurasa moja ya règlement. Niliomba ikuwe ya article kumi na ine.

Akanipa kamba, akasema: "Mama, haya iishe." Nikasema: "Iishe, mutoto yangu." Nikakata kipande ya kuku nikamupa mu mukono yake, nikakata ingine nikakula mimi. Naye akakula. Nikaona meno yake. Iko mazuri, imepangana, lakini moja ya pembeni inakosa, haukuniambia. Batu ku madirisha balipiga vigelegele. Mimi nililia bila kujificha, na yeye alikohoa sana, anajifanya ni pilipili. Mu ile kuku hakukuwa pilipili.

Halafu akarudi ku kiti yake. Akavaa uso ya serikali, akaonja chakula yote, akaniuliza maswali kumi, nikajibu yote kumi. Na akaandika makumi sita na mbili.

Makumi sita na mbili! Nimepita, ndiyo. Ufunguo iko mu shingo yangu wakati naandika hii barua, na jana niliwasha mbabula zote, hata zile sina kazi nazo. Lakini nilisoma karatasi ya pointi ku ukuta. Banaandika: "Chakula baridi, kutoa kumi na moja." BARIDI! Nani aliipoesha? Nani alikaa mu soko saa moja na nusu anachagua mbuzi, anafungua kinywa yake, anamutazama sawa vile anataka kumuowa? Umuulize. Mimi mwenyewe sasa naweza kumuuliza uso kwa uso, lakini alipanda avion asubui sana.

Mbuzi tulikula bote, jury na banafunzi kumi na moja. Mu rapport Kamate aliandika ni matière didactique, kifaa ya kufundishia.

Mama yako, graduée,
Kaswera

Kisangani, tarehe 24 mwezi wa nane 1980

Mama yangu graduée,

Pongezi! Nimewaambia majirani wote, hata yule wa wali. Félicien anakusalimia, ameanza kuandika jina lake, anaweka herufi mbili za ziada kwa ukarimu.

Baba Félicien alirudi na vumbi la Bunia ku viatu. Sikuthubutu kuuliza. Alikula, akafuta kinywa, akasema: "Nilikula na mama yako." Nikajifanya kushangaa, nikajifanya vibaya. Akasema: "Ulijua." Nikasema: "Nilijua." Akasukuma sahani pembeni. Nilidhani ni vita. Halafu alianza kucheka, Mama, yule mutu kavu wenu, alicheka mpaka Félicien akakimbia kutoka nje kuona nani amekuja.

Jana barua yako ikafika, nikamuuliza juu ya kumi na moja zako. Anasema règlement haiulizi nani aliipoesha. Chakula cha moto kikifika baridi, ni kutoa mpaka kumi na tano. Nikamuambia: "Ni weye uliipoesha!" Akajibu: "Njo maana nilitoa kumi na moja."

Nilitaka kumukasirikia, lakini sikiliza alichoongeza. "Ningempa makumi saba na tatu zake, Bunia nzima ingesema mukwe alileta pointi pamoja na mbuzi. Na makumi sita na mbili, nani atafungua kinywa? Mama yako alipita na mukono wake, tena na kuku baridi." Akajimiminia chai. Akasema tena: "Nimekula kuku nyingi za moto ambazo hazifiki pale." Nikamuuliza kama anasema juu ya zangu. Akachukua gazeti.

Mama, niseme wazi. Zile wiki zote nilikuwa naogopa kwamba mutapotezana, weye na yeye, na mimi nitabaki katikati maisha yote nikibeba salamu za mulangoni. Sasa anasema "mama" peke yake, hasemi tena "mama yako". Nimefurahi kuliko siku ya ndoa.

Kuna habari ingine, ni siri, na ninakuambia kwa sababu nimechoka na siri: Ministère inafikiri kufungua licence pale kwenu.

Mutoto wako,
Adeline

Bunia, Saio, tarehe 16 mwezi wa kumi 1980

Adeline mutoto yangu,

Salamu kwako, kwa Félicien na herufi zake zote, na kwa bwana yako, ile nampa moja kwa moja, bila mulango. Siye huku tuko wazima. Shangazi yako alirudi na viazi. Nilimuonyesha diplôme, akaisoma yote, akasema chumvi bado.

Habari yako ya licence ilikuwa ya kweli. Siku ya kwanza ya mwaka ya masomo Directeur alitukusanya, akatoa barua, akavaa tena ile sauti ya kanisa. Licence ya Art culinaire, miaka mbili juu ya graduat. Basichana bakapiga mikono. Mimi sikupiga, nilikuwa nangojea mustari. Na mustari ikakuja: mutu yote mwenye kuongoza jikoni ya licence, lazima akuwe na licence.

Directeur akanitazama. Nafikiri alikuwa anaogopa nitaomba kuandikwa. Safari hii ni mimi nilicheka, na yeye akabaki amesimama.

"Niandike," nilisema. "Lakini uniambie kwanza, hiyo licence, nani atafundisha kupika?"

Akageuza barua, akatafuta jibu nyuma yake. Kamate aliomba kurudi Kinshasa tangu siku ya mbuzi, na ufunguo hakuigusa hata siku moja. Professeur mwingine alipaswa kukuja, lakini avion, unaijua. Huku kwetu, batu benye graduat ya jikoni tuko kumi, mimi na basichana tisa. Na bale tisa, nani alibaonyesha namna ya kushika mwiko? Hata Mbambu, ule wa récipient, sasa fufu yake iko laini, napenda kuitazama.

Directeur akatafuta mu règlement mpaka saa sita. Akapata article: professeur asipofika, mutu ya pahali mwenye kujua kazi anafundisha na anatoa pointi. Ule mutu ni nani? Ni mimi, aliniandika na akasaini. Na mu liste ya banafunzi ya licence, jina ya kwanza ni ya nani? Ni yangu, alisaini vilevile. Nilimuuliza kama anaona mambo iko namna gani. Akasema Mama Kaswera, usiniulize, karatasi zote mbili ziko na cachet, muhuri ya shule.

Basi nyuma ya miaka mbili nitapika, nitasimama mbele ya meza na sahani yangu, nitajibu. Halafu nitazunguka meza, nitakaa, nitaonja, nitaandika. Pointi nilisha kuzifikiria. Makumi nane ni kiburi, batu batasema. Makumi sita na mbili nilisha kupata, sitaki kuiona tena. Nitajipa makumi saba na tatu. Bwana yako, sababu ni Président, lazima akuje kuweka saini yake chini, na atakula siku ile pamoja na siye. Avion ikikosa, apande camion. Lakini umuambie tangu leo: sitangojea mutu. Chakula ikitoka ku moto, mimi nakula.

Mama yako, mwalimu na mwanafunzi,
Kaswera